Majina kwenye uwanja wa korti, Nashville ya Georgia

Ukitaja Nashville, watu hufikiria mji wa muziki kule Tennessee. Ninayoishi mimi ni Nashville ya Georgia kusini, makao makuu ya kaunti ya Berrien, nchi ya pamba, karanga na tumbaku. Katikati ya mji ipo korti ya zamani ya matofali, ya mwaka 1898, na kwenye uwanja wake amesimama askari wa shaba. Mkono wa kulia ameuinua juu na guruneti, wa kushoto ameshika bunduki yenye singe, naye anapita kati ya visiki na seng'enge.

Jina lake ni Doughboy, jina ambalo Wamarekani waliwaita askari wao wa miguu katika Vita Kuu ya Kwanza. Aliyeibuni sanamu hiyo ni E. M. Viquesney, mchongaji aliyekuwa akiishi Americus, hukohuko Georgia, na hii ya Nashville ndiyo ya kwanza kuagizwa. Baadaye zikatengenezwa nyingine kwa mabati ya shaba yaliyogandamizwa kwenye kalibu na kuunganishwa vipande vipande, kwa gharama ambayo hata mji mdogo uliweza kuichangia. Leo ziko zaidi ya mia moja nchini. Ndugu mnaobeba boksi kwenye vimji vya huku, huenda mmeshampita mara nyingi.

Lakini kilichonishika mimi ni majina yaliyo chini yake. Ni majina ya vijana wa kaunti hii moja waliokufa vitani, na wengi wao hawakuiona hata hiyo Ufaransa waliyotumwa.

Walizama. Septemba 1918 walipanda New York kwenye meli ya Waingereza, Otranto, ikiwa katika msafara wa meli za kupeleka jeshi Ulaya. Asubuhi ya tarehe 6 Oktoba, kati ya Ireland na Scotland, kukiwa na dhoruba kali na manahodha hawajui vizuri walipo, meli nyingine ya msafara huohuo, Kashmir, ikaigonga Otranto ubavuni. Manowari ndogo iitwayo Mounsey ikathubutu kusogea ubavuni mwake, na vijana wakaambiwa waruke. Waliopatia sitaha wakapona, karibu mia sita. Waliokosea waliangukia baharini au wakapondwa katikati ya vyombo viwili. Otranto ikasukumwa na mawimbi hadi kwenye miamba ya kisiwa cha Islay na kuvunjikavunjika. Walikufa watu wapatao 470, wengi wao askari wa Kimarekani, na miongoni mwao vijana wengi wa mashamba ya Georgia. Vita vilikwisha tarehe 11 Novemba, wiki tano tu baadaye.

Fikiria habari hiyo inafika kwenye kaunti ndogo kama hii: nyumba hii msiba, ya jirani msiba, na kanisa moja linalia watoto wake kadhaa kwa siku moja. Mzee mmoja ninayemhudumia kazini aliniambia kuwa bibi yake alikuwa akimtaja kaka yake aliyezama mpaka uzeeni, na kila wakipita mjini lazima washuke, aguse jina. Aliponieleza hayo nilishindwa kumjibu, maana nilikuwa nawaza kwetu.

Mimi ni Mgogo wa Dodoma. Vita hiyohiyo ilipita kwetu. Waingereza waliingia Dodoma Julai 1916, na kabla yao Wajerumani walikuwa wameshachukua nafaka, ng'ombe na wanaume. Waliokuja nao wakachukua. Mvua zilipokosekana, hapakuwa na akiba ghalani wala vijana wa kulima, ikaja ile njaa ambayo wazee wetu wanaiita Mtunya. Baba wa babu yangu alichukuliwa upagazi akarudi. Ndugu zake waliochukuliwa naye hawakurudi, na hakuna aliyewahi kutuambia walifia wapi.

Dar es Salaam tunaye askari wetu wa shaba, pale Samora, tangu mwaka 1927, singe yake ikielekea bandarini. Ni kazi nzuri ya James Alexander Stevenson, na naipenda. Maandishi yake yanawataja askari wenyeji, wapagazi waliokuwa miguu na mikono ya jeshi, na wengine wote waliotumika na kufa. Wametajwa kwa jumla. Jina la mtu hata mmoja halipo. Kariakoo nayo inabeba kumbukumbu ya kikosi cha wapagazi, lakini tunakwenda kununua nguo na simu bila kuwaza waliokuwa hapo.

Mwaka 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri yenyewe kwamba watu wasiopungua 116,000, na pengine hadi 350,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakukumbukwa kwa majina, au hawakukumbukwa kabisa. Wapagazi waliuawa zaidi na kuhara damu, malaria na njaa kuliko risasi. Wakubwa wa enzi hiyo waliona haifai kuwaandika mmojammoja. Hilo linaniuma, na linaniuma zaidi ninapopita hapa na kuona kaunti ya wakulima imeweza kuandika watoto wake wote.

Tusingoje London. Ombi langu ni dogo: kila wilaya iliyotoa wapagazi iwe na jiwe lake, mbele ya ofisi ya mkuu wa wilaya au mahakama, lenye majina yatakayopatikana kwenye koo. Kwa sasa mdogo wangu anazunguka vijijini na daftari, anawauliza wazee: aliitwa nani, mwana wa nani, alichukuliwa na Wajerumani au Waingereza, alirudi au hakurudi. Nimemwambia aanze na akina bibi, kwa sababu kwetu wao ndio hutunza majina ya waliopotea.

Wewe mwenye mzee anayekumbuka, awe Kondoa, Mahenge, Machakos au Kisumu, mpigie simu wiki hii. Muulize jina, kijiji na ukoo, kisha uandike kama anavyolitamka yeye.