Kabla sijaifuta saa

Jumatatu, saa nne usiku

Simu ya zamani iko kwenye droo, imezimwa, na kwa mara ya kwanza tangu Ijumaa siihofii. Naandika usiku huu huu kabla kumbukumbu hazijachanganyika, kwa kuwa siku hizi tatu nimejifunza kuhusu saa hii ya mkononi mambo ambayo sikuwahi kuyawazia katika miaka minne ya kuivaa.

Simu mpya niliipata Ijumaa jioni. Ya zamani betri yake ilikuwa imechoka, ikifika adhuhuri inaomba chaji. Picha, namba za watu na jumbe vilihama bila shida, nami nikadhani saa itafuata yenyewe, kama mtoto anavyomfuata mama yake. Nikafungua programu ya saa kwenye simu mpya, nikabonyeza pa kuongeza kifaa, nikangoja. Duara likazunguka, likazunguka, likaniambia hakuna kifaa kilichopatikana. Na saa ilikuwa mkononi mwangu, haifiki hata sentimita 20 kutoka kwenye simu hiyo.

Nilizima na kuwasha vyote viwili. Nikazima Bluetooth ya simu ya zamani nikidhani ndiyo inayoizuia. Wapi.

Baadaye ndipo nilipoelewa kwamba saa haikuwa na hitilafu yoyote. Ilikuwa na mwenza. Kitendo cha kuunganisha vifaa hivi tunakiita kuoanisha, neno lililozaliwa na kuoana, na kila nilipozidi kusoma nilizidi kuona kwamba aliyelichagua alijua anachokifanya. Siku ile ya kwanza, saa na simu hutengeneza ufunguo wa siri wenye urefu wa biti 128. Kila kimoja kinaweka nakala yake, na tangu hapo wanachoambiana hufungwa kwa ufunguo huo. Kuzima Bluetooth hakuondoi ufunguo. Ni sawa na kufunga mlango wa chumba. Ndoa iko palepale. Saa yangu iliendelea kumngoja mwenza wake wa miaka minne, na simu mpya haikuwa na la kuiambia.

Nikaamua kuvunja kila kitu. Nifute simu ya zamani, ambayo nilishamwahidi mama, kisha niifute saa, nianze upya. Kidole kilikuwa kimeshafika kwenye mipangilio. Nilimtumia mdogo wangu ujumbe kumwambia tu, si kuomba ruhusa, naye akapiga simu papo hapo.

“Dada, usifute chochote. Historia yako iko wapi?”

Nikamwambia iko kwenye saa, itakuwa wapi tena.

“Kwenye saa hamna historia, dada. Saa inabeba siku chache tu, halafu inazitua kwenye simu, na simu inazipandisha kwenye akaunti. Sasa akaunti gani?”

Sikuwa na jibu.

Lazima nieleze kwa nini swali lile lilinikosesha usingizi. Watu wengi huniona na saa hii wakadhani naipendea kuhesabu hatua. Hatua sizijali. Ninachokijali ni mstari mmoja mwembamba kwenye programu ya afya, ule wa mapigo ya moyo wakati wa kupumzika. Kwa miezi mingi ulikuwa umelala tu, 61, 62, 61. Halafu kuna wiki moja unaanza kupanda: 64, 66, 67. Nakumbuka niliuona nikadhani ni uchovu wa kazi. Siku tisa baadaye nilipima, nikakuta nina mimba.

Mwili wa mama mjamzito hutengeneza damu nyingi zaidi, karibu nusu juu ya ile aliyokuwa nayo, na moyo ndio wa kuisukuma yote. Ndiyo maana mapigo hupanda, mara nyingi kwa 10 hadi 20 kwa dakika kadiri miezi inavyokwenda. Hayo nilikuja kuyasoma baadaye. Mimi niliyaona kwanza kwenye mstari: mwezi wa nne 70, mwezi wa sita 74, mwezi wa nane 78. Kisha kuna pengo la siku 3 lisilo na nukta hata moja, kwa sababu niliombwa nivue kila kilichokuwa mkononi, na niliporudishiwa saa nilikuwa na mtu mwingine wa kumshika. Baada ya pengo mstari unashuka polepole, na chini yake, kwenye ukurasa wa usingizi, kuna zile usiku zilizokatwakatwa vipande: dakika 50, dakika 40, saa moja na robo, dakika 30. Nina picha nyingi za mwanangu akiwa mchanga. Lakini picha hupigwa mtu akiwa amejiandaa kidogo. Mstari ule haukuwahi kunisubiri nijiandae.

Jumamosi, basi, sikuigusa saa kabisa. Mdogo wangu alinishauri niweke programu ya afya kwenye simu mpya kwanza, bila saa, nione kama miaka minne ipo. Nikaingia kwa anwani yangu ya barua pepe ya kila siku. Ukurasa ukafunguka mweupe. Hakuna data ya kuonyesha.

Nilikaa chini. Sitaki kulifanya jambo hili dogo kuliko lilivyokuwa. Mwanangu alikuwa anacheza na boksi la simu mpya miguuni pangu, nami namtazama, nikifikiri kwamba kitu pekee kilichojua habari zake kabla yangu kimepotea.

Dakika kama ishirini zilipita kabla sijawaza kuichukua simu ya zamani na kutazama ile picha ndogo ya wasifu pembeni mwa programu. Anwani iliyokuwa pale si ya kila siku. Ni ile niliyoitumia nikiwa masomoni, ambayo sikuwa nimeifungua kwa muda mrefu. Inaelekea ndiyo iliyokuwa ndani ya simu siku nilipoiwasha saa mara ya kwanza. Nenosiri lake nilikuwa nimelisahau. Nilipoomba kulibadilisha, mfumo ukataka nithibitishe kwamba ni mimi, na uthibitisho wenyewe ukatokea kwenye kioo cha simu ya zamani: je, ni wewe unayejaribu kuingia? Nikabonyeza ndiyo huku vidole vinatetemeka. Kama Ijumaa usiku ningeifuta simu ile, swali hilo lingekwenda kuulizwa mahali pasipo na mtu wa kulijibu.

Data haikuja yote kwa mkupuo. Ilianza na wiki hii, ikaja ya mwezi uliopita, ikaendelea kurudi nyuma kidogo kidogo kama mtu anayepanda ngazi kinyumenyume. Nilingoja bila kunyanyuka. Ulipofika ule mlima wa miezi tisa na lile pengo la siku 3, nilimnyanyua mwanangu nikamwonyesha. Akagusa kioo, akaufinya mstari, akaondoka zake.

Nikafanya mambo mawili zaidi kabla ya kulala, na naona fahari kwamba niliyafanya. La kwanza, niliomba akaunti initengenezee faili la data zangu zote, nikalipakua kwenye kompyuta, lisitegemee tena kumbukumbu ya nenosiri langu. La pili, niliwasha tena Bluetooth ya simu ya zamani na kulinganisha. Saa ilisema hatua 6,412 za siku hiyo, simu ikasema 5,980. Tofauti hiyo ilikuwa bado mkononi mwangu, haijatuliwa. Nikasawazisha, nikasubiri namba zilingane, ndipo nikaivua saa nikaiweka kwenye chaji ilale hapo hadi asubuhi.

Jumapili mtoto akiwa bado amelala nilifungua programu ya saa kwenye simu ya zamani, nikachagua kutenganisha. Onyo likaja kwamba kila kilichomo ndani ya saa kitafutwa. Safari hii nilijua kilichomo: uso wa saa niliouchagua, kengele za kuamka, kadi ya benki, basi. Nikakubali. Saa ikazima, ikakaa gizani muda mrefu kuliko nilivyotaka, ikawaka na kuniuliza lugha, kama vile hatujawahi kuonana.

Simu mpya iliiona papo hapo. Namba moja ya tarakimu 6 ikatokea kwenye vioo vyote viwili, nikaombwa nihakikishe zinafanana. Zamani nilikuwa nabonyeza tu bila kusoma. Sasa najua kwamba kulinganisha huko ndiko kunakozuia kifaa cha mtu mwingine kilichoko jirani kujipenyeza katikati wakati ufunguo mpya unatengenezwa, kwa hiyo nilizisoma tarakimu moja moja.

Yaliyofuata yalikuwa ya uvumilivu tu, masasisho marefu na saa kurudi kwenye chaji katikati yake. Kadi ya benki niliiingiza upya, nadhani ndivyo inavyostahili kuwa; sitaki kadi yangu ihame bila kuniuliza. Kengele niliziweka upya. Wenye saa mpya zaidi huenda wasipitie haya, maana Wear OS 4, toleo la mfumo wa Google unaoendesha saa kama yangu, lililotoka mwaka 2023, lilileta njia ya kuihamisha saa kwenye simu nyingine bila kuifuta, pamoja na kuhifadhi nakala yake kwenye wingu. Yangu ni ya toleo la 3, ikabidi ipite njia ndefu. Mdogo wangu ana Apple Watch, na kwake kuitenganisha na simu kwa programu yake ndiko kunakotengeneza nakala ya mwisho, inayokaa kwenye iPhone ya zamani. Yeye hutenganisha kwanza, kisha huhifadhi nakala ya simu yenyewe, ndipo anahamia mpya. Na anayehifadhi kwenye kompyuta lazima achague nakala iliyofungwa kwa nenosiri, la sivyo data za afya hazimo. Alinisimulia pia kwamba saa ya aina hiyo ikifutwa yenyewe tu, bila kutenganishwa kwenye simu, hubaki imefungwa kwa akaunti ya mwenyewe. Ukimpa mtu, umempa mzigo. Na akitaka kuhamia simu ya Android, saa hiyo itabaki nyuma. Hilo sikulijua.

Jioni arifa zikakatika. Nilipokuwa na simu mkononi zilikuwa zinaingia kwenye saa vizuri. Nikiiweka kando kwa nusu saa, kimya. Nilihofu tumerudi tulikotoka. Kumbe ni simu mpya, kwa bidii yake ya kutunza betri, ilikuwa inailaza programu ya saa kila kioo kinapozimika. Nikaingia kwenye mipangilio ya betri nikairuhusu ifanye kazi chinichini bila kizuizi. Baada ya hapo haijakatika tena.

Usiku niliivaa. Mwanangu anaipenda ile taa ya kijani iliyo chini yake, ile inayoangaza ngozi na kupima ni mwanga kiasi gani umemezwa na damu kila moyo unapodunda. Kabla hajasinzia huwa ananifunulia saa kidogo kwenye kifundo ili aione. Jana akafunua, akaikuta inawaka, akaridhika, akalala.

Leo asubuhi nilifungua mstari nikiwa bado kitandani. Nukta mpya ilikuwepo: 63. Iko upande wa kulia kabisa, na kushoto kwake kuna nukta ya Jumamosi, 62. Katikati hamna kitu, kwa sababu usiku ule saa ililala kwenye chaji, na Jumapili yenyewe karibu nzima haikuwa mkononi. Programu inaniuliza kama ningependa kuijaza siku hiyo mwenyewe. Nimeukunja ukurasa nikaurudisha nyuma hadi kwenye lile pengo jingine, la siku 3, nikayatazama yote mawili kwa zamu. Sitaijaza.