Upatu wa nane

Saa nane usiku na bado sijalala, kwa hiyo acha niandike tu.

Kuna muziki nimekuwa nao kichwani karibu mwaka mzima sasa. Haupo popote, ni wa kubuni, nimeutunga kwa ajili ya hadithi ambayo sijui hata kama nitaimaliza. Ni muziki wa ibada, unapigwa mara moja tu kwa mtu aliyechelewa kumuaga mtu wake, na kazi yake ni kumrudishia kidogo ya ule muda. Mwanzoni nilikuwa naandika kirahisi rahisi, yaani ngoma zinalia, saa zinageuka nyuma, mlango unafunguka, marehemu huyo hapo. Kila nikisoma nasikia uongo. Muda haurudi nyuma kwa sababu mtu kapiga ngoma na mimi nisiyeamini nitamwaminishaje msomaji.

Kilichonitoa hapo ni gamelan, ile ya kisiwa cha Java, Indonesia, kundi la vyombo ambavyo vingi ni patu na vyuma vya kugonga. Nilikuwa naisikiliza tu usiku, sina elimu yoyote ya muziki, mpaka nikakutana na kitu wanachokiita irama. Iko hivi, muziki unapopunguza mwendo, nota za msingi zinaachana, zinakuwa mbali mbali, halafu vyombo vidogo vinaingia katikati kujaza, nota mbili kwa kila moja ya msingi, kisha nne, nane, hadi kumi na sita. Kwa hiyo unasikia kitu kinaenda taratibu na kinaenda mbio kwa wakati mmoja. Na ule upatu mkubwa kabisa, gong ageng, kwao unafunga mzunguko, watu wote wanahesabu kuuelekea. Niliposikia hivyo nikakaa kitako kitandani. Kumbe muda hauhitaji kurudishwa, unaweza ukapanuliwa, ukaingiza vitu vingi zaidi ndani ya nafasi ile ile!

Basi nikaupanga upya muziki wangu. Ngoma ndogo inapiga pigo moja kila sekunde na haibadiliki mpaka mwisho. Mzunguko wa kwanza sekunde 4, upatu unalia. Wa pili 8, upatu. Halafu 16, 32, 64, 128, 256, na wa nane sekunde 512. Zumari inalia mara moja tu, katikati ya kila mzunguko. Mfiwa anakaa amewapa mgongo wapigaji, hasemi kitu, haruhusiwi kulia mpaka upatu wa nane.

Sasa jana nikachukua karatasi nikajumlisha, nilitaka tu kujua ibada inachukua muda gani. Yote ni sekunde 1,020, dakika 17 kamili. Lakini ile mizunguko saba ya kwanza ukiijumlisha ni 508, na wa nane peke yake ni 512. Unazidi yote iliyotangulia kwa sekunde 4. Sikupanga hivyo, namba zenyewe ziko hivyo, ukianza na nne ukawa unazidisha mara mbili lazima mwisho zibaki nne juu. Nimeiangalia ile nne kwa muda mrefu sana.

Najua kuna muziki umetanuliwa kuliko huu. Ujerumani, kwenye kanisa moja la zamani mjini Halberstadt, kuna kinanda kinapiga utunzi mmoja tangu 2001 na utaisha mwaka 2640, na ulianza na kimya cha miezi kumi na saba. Nauheshimu, ila mimi ule muda siuwezi, hauna mtu ninayemjua ndani yake. Mimi nataka muda unaoenea kifuani.

Usiku huu nikaamua kuupiga mwenyewe. Mfuniko wa sufuria na mwiko, huo ndo upatu wangu, kidole mezani ndo ngoma ndogo, simu nimeilaza kifudifudi inahesabu. Mizunguko minne ya kwanza inapita haraka. Wa sita unaanza kuchosha, unahesabu na kila sekunde unaihisi, ukiutazama muda unarefuka, hilo kila aliyewahi kukaa benchi la wodini analijua. Wa saba nilipotea kwenye mia na tisini na kitu nikaendelea kwa kukisia. Wa nane, sijui nilifika wapi, sikusikia tena kidole changu. Nilisikia ndala za mama, jinsi alivyokuwa anaburuza ya kushoto tu, kutoka jikoni mpaka mlangoni kwangu. Sisemi alikuja. Nasema niliisikia ndala, na nilikuwa nimeisahau kabisa, miaka sita sijawahi kuikumbuka hata siku moja. Nikapiga mfuniko. Nilidhani zimepita dakika tatu hivi, nikageuza simu nikakuta mzunguko ule umeenda karibu dakika kumi.

Siku ile nilisafiri usiku kucha, nikafika asubuhi wodini nesi ndo anavuta pazia. Alinishika mkono akasema sasa hivi tu, sasa hivi tu ametoka. Hilo neno sasa hivi ndo limenikaa mpaka leo, ningekuwa nimechelewa siku nzima ningeelewa.

Kwa hiyo nimeshaandika mwisho wa hadithi. Upatu wa nane unalia na mfiwa anapewa zile sekunde 4 zilizozidi, basi, hapewi nyingine. Nimejaribu kwa saa ya simu hapa mezani. Kusema "mama, nimefika" kunachukua sekunde moja na kidogo. Zinazobaki zinamtosha yeye kujibu "pole na safari mwanangu".