Mchanganyiko Unapoamua Nani Ameshinda

Mashindano ya United Cup, yanayochezwa Perth na Sydney kila mwaka unapogeuka, hutufikia sisi watu wa Moshi katika saa nzuri. Perth imetutangulia kwa saa tano na Sydney kwa saa nane, kwa hiyo mechi za jioni za huko huangukia asubuhi au mchana wa hapa, wakati ndugu waliopanda kutoka Dar es Salaam kwa ajili ya sikukuu bado wako nyumbani na kila mmoja ana rai yake kuhusu kinachopaswa kutazamwa. Mimi hung'ang'ania tenisi hii kwa sababu humo nchi huwakilishwa na wanawake na wanaume kwa pamoja, ushindi wa mwanamke una uzito uleule wa ushindi wa mwanamume, na timu mbili zikitoka sare, anayeamua ni mchezo wa wawili wawili wa mchanganyiko, mwanamke na mwanamume kila upande.

Mashindano yalipoanza mwishoni mwa 2022, kila pambano la nchi mbili lilikuwa na michezo mitano: miwili ya wanaume, miwili ya wanawake na mmoja wa mchanganyiko. Marekani ilitwaa kombe hilo la kwanza kwa kuifunga Italia. Kuanzia 2024 michezo ikapunguzwa hadi mitatu, na mabadiliko hayo, ambayo baadhi ya watu waliyaona kuwa ni ya kubana muda tu, kwangu ndiyo yaliyoyapa mashindano roho yake, kwa kuwa mchanganyiko uliacha kuwa kiporo cha mwishoni ukawa theluthi nzima ya pambano.

Fainali ya Januari 2024 kati ya Ujerumani na Poland ilionyesha jambo hilo waziwazi. Iga Świątek wa Poland alimshinda Angelique Kerber wa Ujerumani kwa 6-3, 6-0, na pale sebuleni kwetu wengi walikwisha kuihesabu Poland kuwa bingwa. Alexander Zverev akapoteza seti ya kwanza dhidi ya Hubert Hurkacz, akaokoa pointi mbili ambazo zingempa mpinzani wake kombe, kisha akashinda seti mbili zilizofuata. Nchi zikawa sare, kila moja na ushindi mmoja. Hapo Ujerumani ikamwingiza Laura Siegemund, mwanamke ambaye sifa yake kubwa imetokana na michezo ya wawili wawili na ambaye hakuwa amecheza mchezo wa mmoja mmoja siku ile, akasimama na Zverev aliyekuwa amechoka, wakawashinda Świątek na Hurkacz kwa 6-4, 5-7, 10-4, seti ya tatu ikiwa ni ya kufikia pointi kumi tu. Kerber alikuwa amepigwa vibaya, lakini nchi yake ikaondoka na kombe, kwa sababu ilikuwa na mwanamke wa pili aliyejua vizuri kazi ya wavuni.

Hata hivyo, moyo wangu bado uko kwa mtangulizi wa mashindano haya, Hopman Cup. Yalianza Perth mwishoni mwa 1988, yakapewa jina la Harry Hopman, nahodha aliyeiongoza Australia kutwaa Davis Cup, kombe la timu za taifa za wanaume, mara 16, na mabingwa wake wa kwanza walikuwa Helena Suková na Miloslav Mečíř wa Chekoslovakia. Timu nzima ilikuwa watu wawili, mwanamke mmoja na mwanamume mmoja. Kila mmoja alicheza peke yake, kisha wakacheza pamoja, na asiyeweza kumtegemea mwenzake hakuwa na benchi la kulitazama. Siku ya Mwaka Mpya 2019, Roger Federer wa Uswisi alimshinda Frances Tiafoe, kijana wa Marekani ambaye wazazi wake walitoka Sierra Leone; Serena Williams akamshinda Belinda Bencic, mwenzake Federer, baada ya kupoteza seti ya kwanza; na kwa kuwa nchi zilikuwa sare, Federer na Serena, wote wakiwa na miaka 37, wakakutana kwa mara ya kwanza pande mbili za wavu mmoja. Uswisi ilishinda 4-2, 4-3 kwa seti fupi za siku hizo.

Utaratibu wa watu wawili ulizifaa hasa nchi zisizo na wachezaji wengi. Mwaka 2000 Afrika Kusini ilitwaa Hopman Cup ikiwa na Amanda Coetzer na Wayne Ferreira, na waliyemshinda katika fainali alikuwa Thailand, wala si mmoja wa wale wakubwa tuliozoea kuwasikia. Sidhani kama fainali ya namna hiyo ingewezekana kirahisi katika United Cup, ambayo huzialika nchi 18 kwa kutazama wachezaji wao wako nafasi gani katika orodha za dunia, na ambayo hutoa pointi za orodha hizohizo, ili aliyeko juu apate nafasi ya kubaki juu. Wakati huohuo, Afrika ilikuwa na Cara Black na kaka yake Wayne, waliokulia kwenye viwanja vya nyasi shambani kwa baba yao huko Harare, Zimbabwe, wakashinda pamoja mchanganyiko wa Roland Garros, mashindano makubwa ya Ufaransa, mwaka 2002 na ule wa Wimbledon, ya Uingereza, mwaka 2004. Nyumba moja tu ilitoa timu ya taifa iliyokamilika.

Baada ya 2019 Hopman Cup ikaondolewa Perth ili kuipisha ATP Cup, mashindano ya wanaume peke yao. Sikuelewa wakati ule, wala sielewi leo, ilikuwaje watu wakawa na kitu adimu namna hiyo mkononi wakakibadilisha kwa kitu ambacho dunia ya tenisi ilikuwa nacho tayari. ATP Cup ilidumu misimu mitatu. Hopman Cup nayo ilifufuliwa Nice, Ufaransa, mwaka 2023, Kroatia ikashinda, lakini ni mashindano ya Julai sasa, na Julai wachezaji wana mambo mengine.

Hapa kwetu suala hili si la kutazama tu. Katika klabu nyingi za Tanzania, walimu na wachezaji wazuri wa zamani walianzia kwenye kuokota mipira: mtoto aliingia akilipwa kidogo, akaachiwa raketi iliyokatika nyuzi, akajifunza jioni wanachama walipoondoka. Njia hiyo ilikuwa ya wavulana, kwa kuwa msichana wa saa hizo alitakiwa awe jikoni au kisimani, na ndiyo maana hadi leo unaweza kupata wanaume kumi wanaocheza vizuri kabla ya kumpata mwanamke mmoja. Jirani zetu Kenya wameonyesha mmoja tu anaweza kufika wapi: Angella Okutoyi alishinda Wimbledon ya wasichana ya wawili wawili mwaka 2022, akishirikiana na Rose Marie Nijkamp wa Uholanzi.

Jumapili moja hapa Moshi nilimtazama mama mmoja, mwalimu wa sekondari, akicheza pamoja na mdogo wa mumewe. Wapinzani walimpelekea yeye kila mpira, kama ilivyo desturi mbaya ya mchanganyiko wa klabu, na kijana kila mara alikatiza mbele yake ili amwokoe. Mama akamwambia kwa upole, "Shemeji, niachie mpira wangu." Akakunja magoti, raketi ikiwa mbele ya kifua, na mpira uliofuata akaupiga kabla haujagusa chini, ukaanguka miguuni mwa mpinzani aliyempelekea.

Kwa hiyo nimependekeza kwamba michuano yetu ya Desemba na wenzetu wa Arusha iwe ya timu za watu wawili, michezo mitatu, kila mmoja pointi moja. Wenye timu za wanaume wanne wamenuna, na watu wa Arusha wanataka tupande kwao, ambako kwenye mita 1,400 hivi mpira hupaa kuliko tulivyozoea. Hayo yatakwisha. Ubishi uliobaki ni kanuni ya 40-40, yaani pande zote zikiwa sawa: inachezwa pointi moja ya kuamua, na akianzisha mwanamke, apokee mwanamke, na akianzisha mwanamume, apokee mwanamume. Baadhi ya wanaume wanataka wanaopokea wajichagulie wenyewe. Nimeiandikia kamati kwamba kanuni ibaki ilivyo, na kwamba inunuliwe mipira mipya, maana tuliyo nayo imeisha manyoya.