Maiti wangu wa kwanza aliyeyuka saa tano asubuhi

Nilianza na mabibi harusi. Saluni yetu iko Kirumba, Mwanza, na kwa miaka minne kazi yangu ilikuwa fundesheni, nyusi na kope za kubandika. Siku moja kijana aliyekuwa anarekodi tamthilia akanipigia: "Dada, unaweza kunitengenezea maiti? Mvuvi kazama, kakaa majini siku mbili." Nikajibu naweza. Uongo mtupu. Tukapatana elfu thelathini, nauli juu yangu.

Wiki nzima nikashinda kwenye video za mafundi wa Marekani na Uingereza. Humo ndimo nilimokutana na jina la Dick Smith, fundi Mmarekani aliyekuwa akiigawa sura ya bandia katika vipande vinavyopandana, badala ya kumvalisha mwigizaji barakoa nzima, ili akikunja uso nao ukunjike. Hilo nililibeba lote. Rangi zao ndizo zilizonidanganya. Nilimpaka mdogo wangu jeraha la kipigo kama walivyoelekeza, jekundu katikati na njano pembeni. Mama akaingia akauliza nani kamwagia mtoto mchuzi. Mdogo wangu ni mweusi tii. Ngozi kama yake ikivilia damu haiwi nyekundu, inazidi kiza, zambarau inayoelekea kwenye weusi, na kinachoonyesha kipigo hasa ni uvimbe. Tangu hapo natengeneza uvimbe kwanza, rangi inafuata.

Uvimbe ni jelatini ya unga, gliserini ya duka la dawa na maji kidogo. Bakuli unaliweka ndani ya sufuria ya maji ya moto. Ukiichemsha jelatini yenyewe itajaa mapovu. Unamimina kwenye kalibu ya jipsamu uliyoipaka Vaseline, unaacha igande. Shida iko kwenye kingo. Zinatakiwa ziwe nyembamba kama ganda la ndani la kitunguu, kisha ukishabandika unazipitia na pamba yenye maji ya moto mpaka zipotee kwenye ngozi. Kalibu yangu ya kwanza ilitoa kitu kama chapati.

Kuhusu maiti mwenyewe nilimuuliza mzee mmoja wa Igombe, mvuvi tangu ujana, ambaye ameshaopoa watu. Nilimwonyesha picha ya jaribio langu, uso umejaa damu. Akairudisha simu. "Mwanangu, huyu kagongwa na gari. Wa majini mtazame mikono. Inakuwa kama ya mama aliyefua nguo kutwa, imekunjamana, imefifia." Wabeja sana (asante, kwa Kisukuma), baba. Nikatengeneza viganja kwa leteksi, yaani mpira wa maji, na tishu, tabaka juu ya tabaka, ngozi ikiwa imevutwa. Ukiiachia inajikunja yenyewe. (Leteksi mjaribishe mtu kwenye kiwiko siku moja kabla. Wapo inaowawasha vibaya.)

Siku ya kurekodi ikafika, Igombe hiyohiyo. Mwongozaji alitaka mwanga wa asubuhi, lakini jenereta ilichelewa, tukaanza saa nne. Saa tano jua likawa limeshika mchanga. Nikaona shavu la mwigizaji linateremka taratibu, likafika kwenye taya, likaning'inia. Jelatini haivumilii joto; ngozi ya mtu tu inaitosha kulegea, sembuse jua letu. Kama hiyo haitoshi, damu ya kwenye paji la uso niliipika kwa sukari. Wakaja wale wadudu wa ziwani, wanaotokea kama moshi juu ya maji, wakanasa mamia kwa mamia. Paji la uso likaota manyoya. Mwongozaji hakunitukana, alivua kofia tu akaenda kukaa kwenye mtumbwi. Ile elfu thelathini sikuiona.

Nilichoomba ni siku ya pili. Usiku nikamimina kwenye kalibu vipande vitano vya shavu lilelile, maji nikapunguza, gliserini nikaongeza. Alfajiri nikanunua barafu kwa wachuuzi wa sangara, nikavipanga kwenye kasha lao la samaki, kila kimoja na mfuko wake. Ngozi ya mwigizaji nikaifuta kwa spiriti, nikapiga poda, ndipo nikabandika. Damu safari hii ilikuwa gliserini na rangi ya chakula, nyekundu na tone la bluu, bila chembe ya sukari. Kipande kikilegea, natoa, nachukua kingine kwenye barafu. Tulitumia vitatu. Alinuka sangara, lakini kamera haina pua.

Jambo moja nililifanya vizuri tangu siku ya kwanza: kumwambia mwenyekiti wa mtaa na akina mama wanaoanika dagaa. Mwanza hii, tangu meli ya MV Bukoba ilipozama Mei 1996, huwezi kulaza maiti ufukweni ukadhani ni mchezo. Kuna watu wana ndugu zao kwenye makaburi ya Igoma, walikozikwa waliozama.

Mama mmoja hakuwa amesikia. Alitokea nyuma ya mitumbwi na beseni lake, akamwona kijana mchangani, akatua beseni, akafungua khanga aliyojitanda akamfunika mpaka kichwani, kimya. Hakuna aliyethubutu kusema katisha. Kisha khanga ikapiga chafya.

Nilikimbia kumwomba radhi. Alinichapa kibao cha bega, cha kweli, halafu akainama kuvitazama vile viganja, akavibonyeza, akavigeuza. "Wewe ndiye umefanya hivi?" Nikasema ndiyo, mama. Akajitanda upya, akauliza kama Jumamosi nina nafasi, binti yake ana sendofu.