Lipu Iliyobanduka Ilivyonifikisha Boma la Kale

Nimekuwa fundi mwashi jijini Dar es Salaam kwa miaka 22, na kwa muda wote huo katikati ya mji palikuwa kwangu ni mahali pa kununua vifaa, kumwona mteja au kufuatilia kibali, kisha kupanda gari nirudi Kimara. Kilichonifanya nisimame na kuzitazama nyumba zake ni kazi moja iliyoniharibikia.

Mwaka 2019 familia moja ilinipa kazi ya kukarabati nyumba ya ghorofa moja iliyojengwa zamani kwa mawe ya matumbawe, si mbali na bandari. Lipu yake ya chokaa ilikuwa imechoka, ikidondoka unga kila ukiigusa. Niliibandua yote, nikapiga lipu mpya ya saruji, ndoo nne za mchanga kwa moja ya saruji, na juu yake nikapaka rangi ya mafuta ili mvua isipenye. Kazi ilipendeza, nami nikalipwa. Baada ya masika ya pili ukuta ulianza kutoa malengelenge, chumvi nyeupe ikachomoza kama unga wa sembe, na hatimaye lipu ikawa inabanduka kwa mapande makubwa ambayo mengine yalikuwa yameng'oka pamoja na vipande vya jiwe lenyewe. Nililaumu mchanga, kisha nikamlaumu fundi rangi. Mwenye nyumba, mama mtu mzima, hakunigombeza. Aliniuliza tu, "Fundi, mbona ile ya zamani ilikaa miaka yote hiyo?" Sikuwa na jibu la kumpa, na swali lile lilinikosesha raha kwa muda mrefu.

Kijana mmoja mchora ramani ndiye aliyeniambia kwamba yapo matembezi ya kuongozwa yanayoanzia Boma la Kale, jengo ambalo leo lina kituo cha urithi wa usanifu majengo wa jiji, na kwamba wanaotembeza watu ni wasomi wa fani hiyo. Nilipiga simu, nikaandikishwa, na Jumamosi moja nikapanda mwendokasi alfajiri hadi Posta ya Zamani, nikafuata Barabara ya Sokoine kwa miguu. Tulianza saa mbili asubuhi, watu saba, tukiongozwa na binti aliyesomea usanifu majengo. Alinisalimia, "Shikamoo, baba," na alipojua kazi yangu akawa ananiita fundi hadi mwisho wa safari. Kwa atakayependa kwenda, nasema mapema: avae viatu vya kutembelea, achukue maji, na aulize kabla ya kupiga picha jengo lolote la serikali.

Hatukuondoka Bomani kwa karibu saa nzima, na kwangu mimi pale peke yake palitosha. Jengo hilo lilijengwa 1866 na 1867, wakati Sultani Majid bin Said wa Zanzibar alipoamua kujenga mji mpya karibu na kijiji cha Mzizima, na lilikusudiwa kupokea wageni wake. Majid alifariki 1870, na Barghash aliyemrithi hakuuendeleza mradi wa ndugu yake, hivyo mji ukadorora kabla haujasimama vizuri. Hayo niliyasikia kwa sikio moja, kwa sababu macho yangu yalikuwa kwenye sehemu ya ukuta ambapo mawe yanaonekana bila lipu.

"Fundi, weka kiganja chako hapa," binti akaniambia.

Ukuta ulikuwa wa baridi, nje jua likiwa tayari kali. Unene wake ulizidi dhiraa moja. Jiwe la tumbawe ukilitazama kwa karibu lina matundu kama sega la nyuki, na katika moja niliona kigamba cha kombe kilichokwama humo tangu lilipokuwa baharini. Binti akatueleza kwamba jiwe la namna hiyo hunywa maji, na kwamba ukuta usio na kizuizi cha unyevu kwenye msingi huyavuta maji kutoka ardhini pamoja na chumvi iliyomo. Chokaa, ambayo watu wa pwani waliipata kwa kuyachoma mawe hayo hayo juu ya magogo, nayo ina vinyweleo, kwa hiyo maji huupitia ukuta, hufika juu ya lipu, hukaushwa na upepo, na chumvi hubaki nje ambako inaweza kupigwa brashi. Saruji haina uwazi huo. Ukiipiga juu ya tumbawe, na hasa ukiifunika kwa rangi ya mafuta, maji hukwama nyuma yake, chumvi huganda humo humo ndani na kutanuka, na nguvu yake huibandua lipu na kulimega jiwe. Aliposema hivyo nilikiona tena kile kipande cha jiwe kilichong'oka na lipu yangu. Niliinua mkono nikawaeleza wenzangu kisa changu chote, kwa kuwa niliona ni haki wajue kwamba jambo lile halikuwa la vitabuni tu.

Kisha akatuonyesha dari. Vyumba vya Boma ni virefu na vyembamba, na kwa miaka yote niliyoziona nyumba za aina hiyo nilidhani ni mapenzi ya wenye nyumba. Sababu ni boriti. Dari limelala juu ya miti ya mikoko, na boriti haiwezi kuvuka nafasi pana kuliko urefu wake, hivyo mti ndio ulioamua upana wa chumba. Juu ya boriti zilipangwa mawe, juu ya mawe ikamwagwa chokaa iliyochanganywa na kokoto za tumbawe, kisha ikapigiliwa kwa fimbo siku baada ya siku hadi ikashikana. Kule Zanzibar na Lamu kazi hiyo ya kupigilia ilifanywa na wanawake huku wakiimba. Mimi ninayesuka nondo na kumwaga zege popote mteja anapotaka, sikuwahi kuwaza kwamba kipimo cha sebule kinaweza kutoka kwenye mikoko ya delta ya Rufiji.

Hatua chache kutoka hapo ipo Nyumba ya Atiman, ya enzi hizo hizo za Majid, ambayo baadaye ilikuwa ya Mapadre Weupe, shirika la wamisionari Wakatoliki. Imepewa jina la Adrian Atiman, aliyetekwa utumwani akiwa mtoto pande za mto Niger, akakombolewa na wamisionari, akasomea utabibu Malta na kuwatibu watu Karema, kando ya Ziwa Tanganyika, kwa miongo mingi hadi uzeeni, alifariki 1956. Kanisa la Mtakatifu Yosefu, lililojengwa kati ya 1897 na 1902, tuliliingia kwa muda mfupi kwa sababu kulikuwa na ibada. Azania Front, kanisa la Walutheri la wakati huo huo, tulilitazama kwa nje, na pale nilivutiwa na vijipaa vya vigae vyekundu juu ya madirisha, ambavyo kila fundi anayelia na mvua inayopenya madirishani angefaa aviangalie.

Kati ya makanisa hayo mawili binti alitusimamisha kivulini akatueleza jambo ambalo nilitamani ningeambiwa siku ya kwanza niliposhika mwiko. Wajerumani walipohamisha makao makuu kutoka Bagamoyo kuja Dar es Salaam 1891, walitunga kanuni za ujenzi zilizougawa mji kwa aina ya nyumba: huku zijengwe nyumba za Kizungu, pale nyumba imara za mawe, na mbali zaidi ndiko ziruhusiwe nyumba za miti na udongo. Kanuni ilizungumzia vifaa vya ujenzi, lakini kila mtu alijua nani ana uwezo wa kujenga kwa kifaa gani. Waingereza waliofuata waliuendeleza mgawanyo huo, na majina ya Uzunguni, Uhindini na Uswahilini yakakaa midomoni mwa watu. Inaniuma kwamba udongo na fito, ambavyo wazee wangu walivijengea kwa ustadi mkubwa, vilifanywa alama ya kumweka mtu pembeni.

Tukapanda hadi Mtaa wa Samora, ambao ulikuwa Independence Avenue, na kabla ya hapo Acacia Avenue kwa jina lililotafsiriwa kutoka la Kijerumani. Sanamu ya Askari, ambayo wazee wa mji huiita Bismini, iliwekwa 1927, kazi ya mchongaji James Alexander Stevenson aliyechonga pia zile za Nairobi na Mombasa. Nimeizunguka kwa gari mara nyingi nisizoweza kuzihesabu. Siku hiyo ndipo niliposoma maandishi yake kwa mara ya kwanza, na kuona kwamba yanawataja pia wapagazi, waliokuwa miguu na mikono ya jeshi katika Vita Kuu ya Kwanza. Askari ndiye aliyetengenezewa umbo la shaba. Mpagazi alipata maneno tu, pamoja na jina la Kariakoo, ambalo limetokana na kambi ya kikosi cha wapagazi cha Waingereza, Carrier Corps.

Uhindini ndiko nilikojiona niko nyumbani, kwa sababu huko kazi ni ya saruji. Katika mitaa ya Jamhuri, India na Indira Gandhi binti alitutaka tuvuke barabara kwanza, tusimame upande wa pili, ndipo tuinue macho. Chini kuna mabango ya maduka ya simu na vitambaa. Juu yake kuna nyumba nyingine kabisa. Kona zimepindwa kwa ulaini ambao hadi leo ni shida kuupata kwa mbao za kawaida za kufungia zege, vivuli vya saruji vimepita juu ya madirisha kama ukingo wa kofia, na kileleni jina la mwenye nyumba limechongwa kwenye lipu pamoja na mwaka. Moja ilikuwa na 1937, herufi za jina zikiwa zimefutika nusu, tarakimu zikiwa kali kama zilipigwa jana. Duka lilikuwa chini na familia ilikaa juu, na barabara ya waendao kwa miguu ilipita chini ya ghorofa, ili mteja asipigwe na jua wala mvua.

Lakini fundi huona na ugonjwa. Chini ya roshani kadhaa zege limepasuka na nondo zimetoka nje zikiwa na kutu, kwa kuwa chumvi ya bahari imezifikia. Hapo inaingia habari ya 1971, serikali ilipotwaa majengo ya kupangisha yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000 na kuyaweka chini ya Msajili wa Majumba, ambaye 1990 aliunganishwa na Shirika la Nyumba la Taifa. Wapangaji wengi walipata makazi mjini ambako wazazi wao wasingeruhusiwa kujenga, na hilo ni jambo kubwa. Hata hivyo kodi ndogo hainunui matengenezo makubwa, na roshani zile zinahitaji mtu wa kuzishughulikia kabla hazijaangukia wapita njia.

Matembezi yaliishia Mnazi Mmoja, baada ya Mnara wa Saa uliojengwa kukumbuka Dar es Salaam kuwa jiji 1961. Uwanja ule ninaoujua kwa sherehe na mikutano uliachwa wazi na Waingereza ili kuitenga Uhindini na Kariakoo. Ng'ambo yake linaonekana eneo la soko alilolisanifu Beda Amuli katika miaka ya 1970, lenye paa la miavuli ya zege, ambalo liliungua Julai 2021.

Wiki iliyofuata nilirudi kwa yule mama, nikamweleza kosa langu na kumwomba aniruhusu nilirekebishe bila malipo ya ufundi. Nilibandua saruji yote, nikauacha ukuta wazi miezi mitatu ya kiangazi, kila wiki nikiipiga brashi chumvi iliyotoka. Wakati huo chokaa ilikuwa imelowekwa kwenye mapipa, ikifunikwa na maji. Niliichanganya na mchanga wa mto uliochekechwa, sehemu moja kwa tatu, nikaipiga kwa tabaka nyembamba, nikingoja kila moja ishike kabla ya nyingine, na kuta nikazifunika kwa magunia mabichi zisikauke haraka. Vijana wangu walichoka kungoja. Walizoea saruji inayokauka leo na kupakwa rangi kesho kutwa. Mwisho tulipaka chokaa nyeupe, si rangi ya mafuta.

Masika mawili yamepita tangu hapo. Mwezi Mei mvua zilipokatika nilikwenda kuukagua, nikaukuta umelowa hadi usawa wa goti, rangi imekolea. Nilirudi baada ya siku tano. Ulikuwa umekauka wote, hauna lengelenge hata moja, na chumvi kidogo iliyokuwa juu yake mama alikuwa ameshaifagia.