Baba mdogo amestaafu uhakimu

Jamani, baba mdogo kastaafu. Alianzia Mahakama ya Mwanzo, akikaa na wazee wa baraza wawili kuamua mirathi, talaka na kesi za mbuzi walioingia shambani kwa jirani. Akajiendeleza kwenye sheria, akawa hakimu mkazi wa wilaya. Hapo uhamisho ukamwandama: akishauzoea mji tu, barua hiyo! Kahawa ya kijiweni aliiacha kabisa, maana kila anayekulipia kikombe ana ndugu yake mahabusu. Kilichomchosha hasa ni kuandika hukumu kwa Kiingereza ilhali mashahidi wote walizungumza Kiswahili. Sheria ilipobadilishwa mwaka 2021, Kiswahili kikawa lugha ya mahakama Tanzania, alifurahi kuliko siku aliyopandishwa cheo. Siku hizi anatusuluhishia ugomvi wa viwanja vya ukoo, na bado anadai vielelezo.