Kukodi ukumbi wa harusi Dar es Salaam ukiwa ughaibuni

Mtu anayeishi Birmingham na kutaka kufanyia harusi yake Dar es Salaam hulazimika kulipia ukumbi kabla hajaukanyaga, kwa sababu tarehe hutangulia kila kitu: kadi za michango hazichapwi, kamati haiitishwi na tiketi za ndege hazikatwi mpaka ukumbi uwe umethibitisha Jumamosi fulani. Mimi na mwenzangu tulilipitia jambo hilo hatua kwa hatua, na msimamo niliotoka nao ni kwamba kabla ya kuuliza ukumbi gani ni mzuri, uamue nani atakwenda kuutazama kwa niaba yako na umtume akatazame nini.

Picha za kwenye Instagram hazitoshi, hata zikiwa za kweli. Karibu zote hupigwa mpambaji akishamaliza kazi yake, kwa hiyo unachokiona ni vitambaa, maua na taa za kukodi ambazo zitaondoka usiku uleule, wakati ukumbi wenyewe, yaani dari, sakafu, nguzo na vyoo, umefichwa nyuma yake. Lenzi pana nayo huufanya ukumbi wa wastani uonekane kama uwanja. Niliwaomba wahusika video moja isiyokatwa, mtu akitembea kutoka getini, apite maegesho, aingie ukumbini, azunguke hadi jikoni na amalizie vyooni. Wapo walioituma siku hiyohiyo, na wapo walionijibu, "Usijali dada, ukumbi wetu unajulikana," nami niliwafuta kwenye orodha bila kinyongo.

Kuhusu mjumbe, desturi inakuelekeza kwa ndugu, na hapo pana mtego wa heshima. Mama mdogo alikwenda kwa moyo wote, akapokelewa kwa soda baridi, na akanipigia simu: "Mwanangu, pazuri, pana viyoyozi, tena meneja mwenyewe mcheshi." Hakusema uongo. Ila ndugu anayekupenda huona aibu kuuponda ukumbi ulioonyesha kuupenda, na hajawahi kuendesha sherehe ya watu wengi usiku mmoja. Tulipompeleka mama mmoja anayepika kwenye sherehe, taarifa ilibadilika kabisa. Aliona kuwa mlango wa jikoni unatokea nyuma ya meza kuu, hivyo wahudumu wenye masufuria ya pilau wangekuwa wakikatiza mgongoni mwa maharusi usiku kucha. Akafungua bomba la jikoni na kukuta maji yanatoka kwa matone, akauliza tangi lina ujazo gani, kisha akapiga picha ya kizingiti ambacho toroli la keki lisingeweza kukivuka bila kubebwa na watu wanne. Wapambaji na washereheshaji nao wanazijua kumbi vizuri, ingawa baadhi yao hupata chochote kwa kila mteja wanayempeleka, kwa hiyo ushauri wao niliupokea na kuupima na wa mwingine.

Idadi ya watu ndiyo ahadi inayopindishwa kuliko zote. Ukumbi ukitangazwa kuwa unabeba watu 500, mara nyingi hesabu hiyo ni ya viti vilivyopangwa kwa mistari kama kwenye semina. Omba urefu na upana, hata mjumbe akipima kwa hatua zake, kisha upige hesabu mwenyewe. Ukumbi wa mita 20 kwa 20 una mita za mraba 400. Meza ya duara ya watu 10, yenye kipenyo cha karibu mita 1.8, ukiiongezea viti na njia ya kupita hula takriban mita za mraba 11. Ukitoa mita za mraba 100 hivi kwa jukwaa, meza za chakula na nafasi ya kucheza, inakubakia nafasi ya meza 27, yaani watu 270. Sasa kumbuka kwamba kadi nyingi zinazotoka kwa wachangiaji ni za watu wawili, na kwamba mtu aliyetoa mchango wake kamili hawezi kuambiwa mlangoni kuwa viti vimekwisha.

Mjumbe aende tena usiku, Jumamosi, wakati kuna sherehe ya watu wengine, baada ya kuomba ruhusa ya meneja, maana mchana kila ukumbi ni mtulivu. Kumbi nyingi siku hizi zimejengwa mbilimbili chini ya paa moja na kutenganishwa na ukuta mwembamba, na muziki wa sendofu (sherehe ya kumuaga bibi harusi) ya jirani huweza kuumeza wosia wa baba wa bibi harusi. Muulize meneja kama upande wa pili umekodiwa siku yako. Muulize pia jenereta linaendesha nini umeme ukikatika: viyoyozi na jiko, au taa na spika tu? Kwa joto la Dar la mwezi wa Desemba, tofauti hiyo ni kubwa. Muda wa kuzima muziki nao uandikwe, kwa kuwa NEMC, baraza la taifa la mazingira, imekuwa ikiwatoza faini na kuwafungia wenye baa na kumbi kwa sababu ya kelele, na sherehe ambayo kadi inasema itaanza saa 12 jioni huchangamka saa 3 usiku.

Ukiwa mbali ni rahisi kuchagua tarehe kwa kufuata likizo zako na kuisahau mvua. Wengi huepuka kufunga ndoa wakati wa Kwaresima, kwa hiyo Jumamosi zinazofuata Pasaka hugombaniwa, na Pasaka huangukia katikati ya masika au karibu nayo. Bonde la Jangwani likijaa maji, Barabara ya Morogoro hufungwa, na wageni wanaotoka Kimara au Ubungo kwenda Upanga hulazimika kuzunguka. Tuliufuta ukumbi mmoja wa bei nzuri kwa sababu hiyo tu, na mwingine kwa sababu ulikuwa Mbezi Beach ilhali ibada ilikuwa Posta, katikati ya jiji. Msafara wa harusi unaopitia Daraja la Tanzanite ili kupiga picha, kisha ukakutana na foleni ya Mwenge, huwafikisha maharusi ukumbini wakiwa wamechoka na wageni wakiwa na njaa.

Suala la fedha nililishughulikia kwa ukali kuliko yote. Kwanza mkataba, kisha malipo. Fedha iende kwenye akaunti ya benki yenye jina la kampuni iliyotajwa kwenye mkataba, kamwe isiende kwenye namba ya simu ya "mhasibu wetu." Risiti iwe ya EFD, yaani mashine ya kielektroniki ya risiti za kodi, ambayo ina namba unayoweza kuihakiki kwenye tovuti ya TRA, Mamlaka ya Mapato, ukiwa popote duniani. Ukisikia bei ni nafuu mno, uliza kama VAT, yaani kodi ya ongezeko la thamani, imo ndani yake. Baadhi ya watu wakisikia lafudhi ya ughaibuni hukutajia dola, lakini tangu mwaka 2025 kanuni zimekataza kutaja na kudai bei za huduma za ndani kwa fedha za kigeni, kwa hiyo nilidai shilingi na nikapewa shilingi.

Ndani ya mkataba nilisisitiza mambo ambayo kila meneja atakwambia "hayo tutaelewana": saa ambayo mpambaji atafunguliwa mlango, ada ya kila saa inayozidi, kama mtu akija na vinywaji vyake atatozwa, na haki ya kuhamisha tarehe bila kupoteza malipo ya awali iwapo patatokea msiba katika familia. Hili la mwisho meneja alisita kulikubali, kisha akaliandika kwa kalamu pembeni mwa ukurasa, akatia saini na mhuri, na mjumbe wetu akanitumia picha za kurasa zote. Salio tuliliacha kwa mhazini wa kamati, kwa makubaliano kwamba angelikabidhi siku mbili kabla ya sherehe, baada ya yule mama mpishi kurudi na kuwasha jenereta mbele yake.